Gemu za Bure kwa Mkono wa Kulia

Kagondo, Bukoba
2 Septemba 2024

Avit, mwana wa marehemu Clavery wangu,

Mashine yako ya gemu imefika. Nuriat aliileta juzi akitoka huko kwenu Goziba na magunia yake ya dagaa. Alikuwa ameifunga kwenye kanga, na inanuka dagaa mpaka leo. Silalamiki. Na wewe utakuwa unanuka hivyo hivyo, miaka miwili kisiwani unatengeneza simu za wavuvi na hujarudi hata kula senene.

Anayeandika hapa ni jirani yetu Ta Ildefons, katekista mstaafu. Mimi unajua sikusoma, baba yangu alisema shule ya msichana ni mgomba. Lakini maneno ni yangu yote. Nimemkataza kuyapamba.

Sasa sikiliza. Mkono wa kulia haujaamka tangu ule ugonjwa wa Juni. Upo tu, unaning'inia kama mkono wa shati kwenye kamba. Binti wa mazoezi pale hospitali alinipa mpira wa kuminya. Nikauminya wiki mbili, nikamrudishia. Mpira hauna hata akili ya kukukimbia. Ndipo akasema basi mama, tafuta chochote kinachochezesha vidole, hasa gumba. Wewe ukasema gemu. Haya, nimekubali gemu.

Baba yako mdogo Gozbert ameshatoa hukumu. Krismasi anakuja na gari, na akikuta siwezi kumenya ndizi na kupika mwenyewe, ananipeleka kwake Dodoma nikakae kwenye chumba chenye vigae nikitazama ukuta. Kibanja changu cha migomba atakikodisha. Anasema kwa upendo, na hapo ndipo penye hatari, maana adui unamfukuza kwa fimbo, mwenye upendo utamfukuza kwa nini?

Mimi sitoki hapa. Nyumba ambayo mwenyewe hawamenyei wageni ndizi si nyumba, ni stendi ya mabasi. Hii yangu bado ni nyumba.

Kasoro ni moja. Gemu iliyomo ndani ni ya kijana anayeruka mashimo. Ukimaliza milango mitatu anasimama, inatokea picha ya kadi ya benki. Ta Ildefons anasema inataka inunuliwe. Kadi sina, na ningekuwa nayo nisingempa mtu anayeruka mashimo. Nitafutie gemu za bure. Wewe leta gemu, mkono niachie mimi.

Bibi yako,
Ephrasia


Goziba, Muleba
10 Septemba 2024

Bibi, shikamoo waitu,

Barua yako nimeisomea kibandani, wavuvi wakanikuta nacheka peke yangu na simu ya mtu imefunguka matumbo mezani.

Hiyo ya mashimo ni kionjo, Bibi. Ni kama muuza mananasi anavyokukatia kipande kimoja sokoni. Mwenye mashine aliponiuzia ikiwa mbovu alikuwa ameshafuta gemu zake zote, kikabaki hicho kionjo. Lakini ndani ya mashine kuna duka, na ndani ya duka kuna upande wa bure. Mwambie Ta Ildefons awashe intaneti ya simu yake, mashine iishike, kisha mfungue alama ya kikapu. Kila penye herufi F-R-E-E, hapo ni bure. Bonyezeni, ngojeeni ishuke, uanze kucheza.

Usitumie mkono wa kushoto kuusaidia wa kulia. Nakujua.

Halafu Bibi, nimepanda mlimani kwenye mtandao nikakupigia mara sita, simu inaita tu. Mara ya saba akapokea Ta Ildefons, akasema umekwenda kuchuma maharage. Kwa mkono upi?

Mjukuu wako,
Avit


Kagondo
21 Septemba 2024

Avit,

Habari ya simu achana nayo. Simu inakula maneno, na ukishakata umebaki na nini? Barua ninaiweka chini ya godoro, nikitaka nasomewa tena.

Tumeingia kwenye hilo duka lako la bure. Kaa nikueleze bure ya humo.

Ya kwanza ilikuwa ya shamba. Nikafurahi, nikasema hapa nimefika kwetu. Nikapanda mahindi. Ikaniambia ngoja muda wa saa nane yaote, au lipa yaote sasa hivi. Avit, nimelima miaka sitini na sijawahi kuona mahindi yanayokula rushwa. Nikaifuta.

Ya pili ni ya kupanga karata. Kila ukipanga mbili anatoka mwanamke wa mafuta ya nywele. Ukimfukuza anarudi na dada yake wa mikopo. Huyo si wa bure. Huyo ni mgeni anayekula chakula chako huku anakuuzia sufuria yako mwenyewe.

Ya tatu nilianza kuipenda, ya gari linalopita kwenye kona. Kumbe inanyonya intaneti muda wote. Bando la mwezi la Ta Ildefons likaisha kabla ya saa sita mchana. Mkewe Verdiana amenuna, anapita hapa akisalimia mbuzi tu.

Mkono: gumba limetikisika. Mara moja, Jumanne. Ta Ildefons anasema ni mimi niliyetikisa meza. Nimemwambia aandike hapa kwamba yeye ni mwongo. Ameandika.

Gozbert naye hakulala. Ameniandalia chumba, kuna na kitanda kipya. Kwa hiyo usinitumie maelekezo tena. Nitumie gemu, zima, isiyodai kitu, isiyouza kitu.

Ephrasia


Goziba
30 Septemba 2024

Bibi yangu,

Mambo yamekwisha. Humu ndani ya bahasha kuna kadi ndogo kama ukucha. Ta Ildefons aichomeke ubavuni mwa mashine, pale penye mdomo mwembamba. Ina gemu arobaini na mbili. Zote ni kamili, hazitaki intaneti wala kadi ya benki, na yule mwanamke wa mafuta hayumo.

Anza na ile ya matofali yanayodondoka. Unayapanga yasiache pengo, mstari ukijaa unatoweka. Kitufe cha kugeuza tofali kiko upande wa kulia, kwa hiyo gumba halitapata pa kujificha.

Nimezipata kwa mtu hapa kambini. Ni bure kabisa, wewe cheza tu, Krismasi inakuja.

Avit


Kagondo
24 Oktoba 2024

Avit,

Niite bingwa.

Matofali nayajua. Ni sawa na kupanga kuni chini ya paa kabla ya mvua, ukiacha pengo leo utalilia kesho. Wiki ya kwanza gumba lilikuwa limelala, nikawa nalikodolea macho tu. Ndiyo, na kwa mkono wa kushoto mara moja moja, usinipigie kelele. Wiki ya pili likasukuma lenyewe. Sasa nimefika ngazi ya tisa. Ta Ildefons amekwama ya nne na anasema macho yake mabovu.

Jumapili nimeshika kikombe cha uji kwa mkono wa kulia. Kimemwagika, lakini kimemwagika nikiwa nimekishika.

Gozbert alipiga akasema amepaka rangi chumba. Ta Ildefons akamuuliza kwa niaba yangu, rangi gani? Bluu. Mwambie pole, amepoteza rangi nzuri.

Binti wa mazoezi amenishika vidole akasema, "Mama, unafanya nini nyumbani?" Nikamwonyesha mashine. Ametaka kujua gemu nazitoa wapi. Nimesema mjukuu wangu ni fundi, anajua kutafuta vya bure.

Bibi bingwa,
Ephrasia


Kagondo
31 Oktoba 2024

Avit.

Kadi yako imo humu, inarudi.

Ta Ildefons amepata miwani mipya. Nikamwambia haya, soma yale maandishi yenye fuvu la kichwa yanayotokea kabla ya matofali. Akasoma, akafuta miwani, akasoma tena. Yanasema gemu hii imevunjwa kufuli na kundi fulani, na wenyewe wanajisifu. Nikasema labda ni hiyo moja tu. Tukafungua zote arobaini na mbili. Mafuvu arobaini na moja.

Uliniandikia "bure kabisa". Hata kuku wa wizi ni bure kabisa. Mwaka ule wezi walipotuchumia kahawa mbichi tukiwa misani, uliniuliza mtu anawezaje kunywa chai ya pesa hiyo akijua kuna mwingine aliyepalilia. Ulikuwa na akili siku hiyo. Umeipeleka wapi?

Mimi nimemsifia mjukuu wangu mbele ya watu wa hospitali.

Mkono huu ndio ninaofanyia ishara ya msalaba. Sitauamsha kwa mali ya wizi halafu niunyanyue kwenye paji la uso wangu. Ukibaki umelala, acha ulale, nitakwenda Dodoma nikatazame bluu.

Lakini sijasema umebaki umelala. Zimebaki wiki nane kasoro kufika Krismasi. Nitafutie za bure za kweli, ambazo mwenyewe amesema chukueni. Kama dunia nzima haina hata moja, niandikie hivyo, nijue dunia ilivyo.

Nimekukasirikia na nakupenda. Moyo wangu ni mpana, vyote viwili vinaenea.

Ephrasia

Avit, hapa naandika mimi Ildefons, yeye ameingia ndani. Kuna jambo hakukuambia. Ule ugonjwa ulimvuta mkono pamoja na mdomo. Barua hizi ananipa neno moja moja, mengine ananionyesha kwa kidole, nikikosea ananipiga kofi mguuni tuanze upya. Barua moja ni siku tatu. Simu haitaki usije ukamsikia. Gozbert anajua, wewe alikataza usiambiwe. Usimwambie nimekuambia.


Goziba
9 Novemba 2024

Bibi, shikamoo waitu,

Nilijua. Sikujua yote, lakini fuvu nililiona. Nilimtengenezea mwenye kadi simu yake, akanipa. Nikahesabu wiki zilizobaki, nikajiambia Bibi hasomi, hataona. Hilo la mwisho ndilo linalonichoma. Nisamehe. Kadi nimeifuta mbele ya mwenyewe, naye amenicheka kambi nzima ikasikia.

Siku nne nimekaa mlimani penye mtandao. Bibi, dunia ilivyo ni hivi: wapo. Wapo watu wanaotengeneza gemu jioni wakitoka kazini, kisha wanaziweka kwenye ukurasa wao na kuandika kwa mkono wao: chukua, cheza, mgawie na mwenzio. Safari hii sikuchukua kwa mtu wa katikati. Kila moja nimeitoa kwa mwenyewe, nikaangalia jina lake na ruhusa yake. Nilianza na thelathini, nyingine ruhusa sikuiona, nikaziacha. Zimebaki sita. Ziko kwenye kadi mpya, na karatasi hii ya pili ina majina ya wenyewe, Ta Ildefons akusomee.

Ya sita itazame vizuri. Aliyeitengeneza anaitwa Ismail, anafundisha hesabu hapa hapa Muleba. Ni baiskeli iliyobeba mikungu, unaiendesha kwenye vilima usidondoshe ndizi. Nilimwandikia kumuuliza kama ni bure kweli. Akajibu, "Kaka, nilidhani hakuna anayeicheza."

Simu sitakupigia tena. Naona barua ni nzuri zaidi.

Avit


Kagondo
22 Novemba 2024

Avit,

Umesamehewa, lakini kwenye kitubio nenda, mimi si padri.

Nitakwambia na baya. Siku zile nilizokaa bila gemu mkono ulirudi nyuma. Kikombe kilinikataa tena. Nikashika rozari, vidole vikawa vinaruka punje mbili mbili, Mama Bikira akapokea nusu ya sala. Gozbert amepiga kusema gari limefanyiwa matengenezo. Kwa mara ya kwanza Verdiana alinikuta nimejilaza mchana, akanipikia, na nikala chakula nilichopikiwa. Usinifanye nirudie sentensi hiyo.

Kisha kadi ikafika. Hakuna fuvu, hakuna mwanamke. Nimezicheza zote na kila moja naanza kwa kusomewa jina la mwenyewe, kama unavyouliza mtoto wa nani kabla hujampa kiti.

Ya Ismail ndiyo kiboko ya gumba. Kupanda kilima unabana kitufe bila kuachia, ukilegea tu mikungu yote chini. Nimedondosha ndizi ambazo zingelisha harusi. Ila mwambie ana kosa. Baiskeli yake inapanda kilima kana kwamba haina mzigo. Mikungu minne haipandi hivyo, unashuka unasukuma, jasho linaingia machoni. Aweke uzito. Na iwe ya kubana zaidi, mimi natafuta kazi, starehe nitaitafuta baadaye.

Halafu, kwetu kikapu cha mtu hakirudi kitupu, unajua. Nuriat anakuletea akamwani, ile kahawa yetu ya kutafuna, vifurushi sita. Nimefunga mwenyewe kwa majani ya mgomba, kwa mkono mmoja na meno. Kila mwenye gemu apate chake, atafune kahawa aone nyumbani kwa mtu kulivyo. Usiniambie kwamba wengine wako Ulaya. Gemu zao zilipata njia ya kuja, na kahawa itapata ya kwenda.

Ephrasia


Goziba
6 Desemba 2024

Bibi,

Wa Ulaya nimewapigia picha ya vifurushi vyao na kuwatumia salamu zako, kahawa yenyewe wavuvi wamewasaidia kuitafuna. Mmoja amejibu anauliza kama kahawa hiyo humezwa au hutemwa.

Cha Ismail nilimpelekea mwenyewe Muleba. Aliketi nje ya darasa lake akatafuna punje, akanifanya nisome barua yako mara mbili, pale pa uzito. Akasema, "Bibi huyu amenisahihisha fizikia." Ameitengeneza upya. Sasa kuna kilima cha mwisho kirefu ambacho lazima ubane na kuachia, kubana na kuachia, kidole kwa kidole, vyote vitano. Amekiita Kagondo. Ni bure, kwa kila mtu.

Mimi mwenyewe sijafika kileleni. Nakuja kwako Januari, kambi ikifungwa kupisha samaki wakue. Uwe upo.

Avit


Kagondo
28 Desemba 2024

Avit,

Kilele cha Kagondo nilikifikia tarehe kumi na tisa, saa nne asubuhi. Verdiana ni shahidi, alipiga vigelegele akasahau kwamba aliwahi kuninunia.

Gozbert alifika Jumapili. Alinisalimia kwa mkono wa kulia makusudi, akaupima kama mnunuzi wa embe. Jioni akaanza kuuliza masanduku yako wapi.

Jumanne asubuhi nikaketi jikoni kwenye mkeka, ndizi mbele yangu, kisu kidogo mkono wa kulia. Sikumwita. Alikuja mwenyewe na kiti cha plastiki, akakaa kama msimamizi wa mtihani. Ta Ildefons na mkewe wakasimama mlangoni wakijifanya wamefuata moto.

Ndizi ya kwanza ilinitoka, ikabingirika mpaka kwenye kiatu chake. Akainama aiokote. Nikamtazama, akainuka bila ndizi. Nikaivuta mwenyewe. Hiyo moja ilichukua muda wa fungu zima la rozari. Ya pili ikawa nusu yake. Gumba lilikuwa linaniuma, nikalibana na kuliachia, kubana na kuachia. Nilimenya kumi na nne, mwanangu. Ni mbaya, zimechongoka kama penseli, nusu ya ndizi imekwenda na ganda. Lakini ukiziona kwenye sinia utajua zimemenywa na mtu mmoja.

Hapa kuna jambo nililokuficha, na Ta Ildefons sasa hivi anakohoa, kwa hiyo najua unalijua. Mdomo wangu haukuwa wangu. Tangu Juni Gozbert alikuwa hajanisikia nikitoa sentensi yenye miguu yote. Nilikuwa naifanyia mazoezi chumbani, huko huko nilikokuwa nachezea baiskeli, kwa sababu mtu hawezi kuangusha mikungu minne akanyamaza.

Nilipofika ya kumi na nne Gozbert akasema, "Mama, umeweza. Lakini unamenya taratibu mno. Sasa hapa tutakula saa ngapi?"

Nikaweka kisu chini. Nikamjibu mwenyewe, kwa mdomo wangu, neno kwa neno, wote wakasikia:

"Nina haraka ya kwenda wapi? Dodoma?"

Verdiana alicheka mpaka akashika nguzo. Gozbert naye alicheka kwanza, kisha akatoka nje, akasimama katikati ya migomba akitugeuzia mgongo. Nilimwacha. Mwanamume akilia, migomba inatosha.

Tulikula saa kumi. Alirudia sahani mara mbili.

Ameondoka leo asubuhi. Kiti cha mbele, alichokuwa amekitandika shuka kwa ajili yangu, amekalisha mkungu wa ndizi kutoka kibanja changu, akaufunga mkanda.

Mimi, wa hapa,
Ephrasia